Damari Amepita Kamba

Kila Jumatatu asubuhi, akishamaliza chai yake, Bwana Kamba alitoka nje na kamba ya katani, akaifunga kwenye vigingi viwili kando ya njia ya gari, akaivuta mpaka ikakaza, kisha akarudi nyuma kidogo kuitazama. Alikuwa mlowezi mwenye shamba la kahawa chini ya kilima, nje kidogo ya mji wa Mbeya. Jina lake halisi lilikuwa limeandikwa kwenye kibao cha getini, lakini vibarua walimpa jina la ile kamba kwa sababu hakuna kitu alichokipenda kuliko mstari ulionyooka. Kahawa yake ilikwenda kwa mistari, na mikaratusi yake ilikwenda kwa mistari. Hata kuku wake, walisema vibarua, walikwenda kutaga kwa foleni.

Jumatatu moja ya mwaka 1953, masika yakiwa yamekaribia kwisha, aliinama akagusa kwa kidole majani yaliyovuka kamba.

"Jailos! Hii maua napita kamba. Kata."

"Ndiyo, bwana."

Jailos, mtunza bustani wake, alipiga magoti akaangalia. Yaliyovuka kamba yalikuwa vidole vya mguu wa kulia wa binti yake Damari, pamoja na sehemu ya kisigino. Aliufuta mkasi kwa kitambaa, akatafuta kifundo kwenye shina la kwanza, akakata juu yake kidogo, kwa mshazari, ili maji yasituame kwenye kidonda. Halafu la pili, halafu yaliyobaki. Alipomaliza aliokota kila alichokikata akakiweka kwenye kikapu, na Bwana Kamba akafungua kamba yake akaenda zake ofisini.

Damari alikufa kwa surua mwaka 1949, akiwa na miaka sita. Wakati huo mahali pale hapakuwa na nyasi za Kizungu wala njia ya gari. Palikuwa na nyumba za watu, migomba, na viwanja vilivyofagiliwa kila asubuhi, na watu wa pale walizika wafu wao mbele ya mlango, ili anayetoka ndani awasalimu wao kwanza kabla ya walio hai. Damari alilazwa mbele ya mlango wa baba yake, kwa ubavu wa kulia, magoti yamenyooshwa kwa kuwa alikuwa mfupi na kaburi lilimtosha, uso ukielekea Rungwe walikotoka babu zake.

Mwaka uliofuata wakaja watu wa serikali na minyororo ya kupimia ardhi. Wenyeji waliambiwa wahamie upande wa pili wa kilima, upande unaotazama Chunya, ambako mvua hufika imechoka. Waliruhusiwa kubeba chochote kinachobebeka: milango, vinu, hata miti ya dari. Mtu mmoja akauliza habari za makaburi. Karani akalitafsiri swali, akasikiliza jibu, akasema makaburi hayamsumbui mtu na yatabaki yalipo.

Hapo ndipo Jailos alipofanya kosa ambalo mkewe hakumsamehe. Aliogopa kwamba watakaporudi, maana wote waliamini watarudi, hatapajua mahali alipolala mwanawe. Jiwe lingeondolewa na trekta. Msalaba ungegeuzwa kuni. Basi akaenda misheni, akamwomba mke wa mchungaji kipande cha ua moja lenye rangi ya zambarau ambalo halisimami, hutambaa tu chini na kutia mizizi kila kifundo kinapogusa udongo. Watu waliliita ua la misheni. Alilipanda juu ya kaburi siku ya mwisho, magunia yakiwa yameshafungwa. Alijua kwamba Mzungu anaweza kung'oa jiwe na msalaba, lakini hang'oi ua. Katika hilo hakukosea. Alichosahau ni kwamba ua hukua, na jiwe halikui.

Lilipomea lilitandaa kwa umbo la mtoto wa miaka sita aliyelala ubavu, na kila mwaka baada ya mvua lilirefuka kadiri mtoto anavyorefuka. Watu wazima waliozikwa jirani naye hawakuota kitu, kwa kuwa walikuwa wameshamaliza kukua. Jailos alipopata habari alivuka kilima akaja kuomba kazi. Alimweleza Bwana Kamba wazi kwamba yale maua ni mtoto wake. Bwana Kamba alifikiri kidogo, akamuuliza kama anajua kukata nyasi. Jailos akasema anajua, na siku hiyohiyo akapewa mkasi.

Kutunza ua la kutambaa hakutaki nguvu, kunataka subira. Likiachwa lijiendee linabaki mashina matupu katikati, linachanua pembeni tu, na chini yake majani yanaoza. Jailos alijifunza haya kwa mke wa mchungaji na mengine akajifunza kwa Damari mwenyewe. Kila alipomaliza kuchanua alimpunguza theluthi moja, akimwachia majani ya kutosha ya kupumulia. Maua yaliyonyauka aliyachuma kabla hayajafunga mbegu. Ncha za mashina machanga upande wa kichwani alizifinya kwa kucha ili kila moja itoe mbili, na kwa njia hiyo Damari alipata nywele nzito kuliko alizokuwa nazo alipokuwa hai. Aliinua mashina kwa mkono mmoja na kwa mkono wa pili akatoa majani makavu yaliyonasa chini, kwapani na nyuma ya shingo, mahali ambapo watoto hutoka vipele. Jioni hakumwagilia, kwa sababu umande wa Juni na Julai huganda ukaunguza. Miezi hiyo hakukata kitu kabisa. Alimwacha na majani yake ya zamani yamfunike, naye alikwenda kulala akiwa na wasiwasi kama mzazi yeyote ambaye mtoto wake amelala nje.

Ikupa, mkewe, hakuwahi kuliona tandiko lile la maua. Siku walipohama alikula kiapo.

"Siwezi kupiga hodi kwangu mwenyewe," alisema. "Pale ni kwangu. Siku nitakayoweza kuingia bila hodi, nitaingia. Vinginevyo, basi."

Getini pale hakuna mtu mweusi aliyeingia bila hodi, kwa hiyo Ikupa alibaki upande wa Chunya, akilima udongo uliopasuka, akingoja habari jioni. Mungu hakumpa mtoto mwingine. Kila mumewe aliporudi alimpokea kikapu na kumuuliza maswali yaleyale.

"Mtoto ameshindaje?"

"Ameshinda salama, Mama Damari."

"Nywele?"

"Zimejaa."

"Ndaga," alisema Ikupa, akashukuru, akaenda kutenga chakula.

Kila mwisho wa masika Jailos alikuwa akichukua ukambaa wa mgomba, akampima Damari toka utosini hadi kisiginoni, akafunga fundo, akauleta nyumbani. Ikupa alinunua kitambaa sokoni Mwanjelwa akashona gauni la mtoto wa urefu huo kwa mkono. Alishona mikono mifupi, kwa sababu Damari alikuwa hapendi mikono mirefu, na akaacha upindo mkubwa wa kushusha, ingawa magauni hayo hayakuwahi kushushwa. Aliyakunja akayaweka kwenye sanduku la mbao chini ya kitanda, la mwaka huu juu ya la mwaka jana.

Jumatatu ile ya vidole, Ikupa alipokea kikapu, akafunua jani la mgomba lililofunika. Alikuwa amezoea kuletewa nywele.

"Baba Damari, hii ni miguu."

"Bwana amesema amepita kamba."

"Na wewe ukakata."

"Nisingekata mimi angekata mwingine. Mwingine hajui kifundo kiko wapi."

Ikupa alikaa chini mlangoni akavitoa vile vidole kimoja kimoja akavipanga mapajani. Alilia bila sauti, na Jailos akasimama pale hajui aweke wapi mikono yake. Kisha mama akachukua jembe, akachimba vishimo mbele ya mlango, akavipanda, akavimwagia maji ya kunywa kwa kuwa ndiyo yaliyokuwepo. Alikuwa amezipanda nywele vilevile mwaka hadi mwaka. Juma halikwisha, vidole vikakauka kama nywele zilivyokauka.

"Ungeweka jiwe," Ikupa alimwambia mumewe. "Ungeweka jiwe, mtoto angebaki na umri wake, angetungoja. Sasa anakua peke yake kwa watu."

Jailos alikuwa ameshajiambia hivyo mwenyewe mara nyingi.

Mpishi wa Bwana Kamba alikuwa mtu wa Iringa aitwaye Halfani, Mwislamu, mjukuu wa wafanyabiashara waliopanda toka pwani wakaoa hukohuko. Alikuwa na maneno mengi na moyo mwepesi wa kuhurumia. Aliposikia habari za vidole alitoka jikoni na sufuria mkononi, akachuchumaa kando ya Jailos aliyekuwa anapalilia.

"Ndugu yangu Jailos, nisamehe nikikuambia. Wewe unabeba nywele ukataka zimee mtoto. Mimi kila mwezi nanyolewa pale mjini, je, kinyozi amenihamishia kwake? Nywele ni nywele. Mtu yuko kwenye mzizi."

"Mzizi uko chini, Mzee Halfani."

"Basi omba uchimbe. Huyu bwana si mbaya. Mgumu tu. Ukimkuta amekula akashiba, anasikiliza."

Halfani akapika siku hiyo kuku kwa nazi aliyoiagiza kwa dereva wa lori, na baada ya chakula Jailos akasimama chini ya baraza, kofia mkononi.

"Bwana, naomba kumchimba mtoto wangu nimpeleke kwa mama yake."

Bwana Kamba alitoa kiko mdomoni. "Shimo refu namna gani?"

"Kama kaburi, bwana."

Bwana Kamba alitafakari kwa dhati. Mtu asije akasema hakutafakari.

"Hapana," alisema. "Mtoto iko sawa. Mimi hapana gombana na mtoto. Shimo ndiyo taabu. Leo wewe nachimba shimo moja, kesho watu yote nakuja na jembe, nasema hapa iko baba, hapa iko bibi. Halafu mimi nalala wapi?"

Jailos akasema amesikia. Alirudi kwenye nyasi akaziangalia kwa mara ya kwanza zote kwa pamoja, toka baraza hadi mikaratusi, akawakumbuka waliolala chini yake kwa majina. Bwana alikuwa amesema kweli. Wangekuja wote.

Basi akaanza kumkunja. Alikata vijiti vya mwanzi vyenye umbo la ndoana, akayashika mashina ya mapaja yakiwa bado laini, akayapinda polepole kuelekea kifuani, akayabana ardhini kwa vile vijiti mpaka vifundo vikatia mizizi upande mpya. Ikawa kazi ya misimu miwili. Damari akalala magoti yamekunjwa, kama alalavyo mtu mwenye baridi au mtu aliyepewa kitanda kifupi, na nyayo zake zikarudi ndani ya kamba. Bwana Kamba akaja Jumatatu, akavuta mstari wake, hakuona cha kukata, akamwambia Jailos kazi mzuri.

Maua yakawa na sifa. Wake wa walowezi walikuja toka Mbozi na hata toka Iringa kunywa chai barazani na kulitazama tandiko la zambarau. Mmoja alisema linafanana kabisa na msichana aliyelala. Memsahib, mke wa Bwana Kamba, akamjibu kwamba ndiyo, ni mtoto wa mtunza bustani, akammiminia chai nyingine. Mwaka 1956 bustani ikapewa kikombe cha fedha kwenye maonyesho ya mjini, na kikombe hicho kikawekwa juu ya kabati, ambako Halfani alikisugua kwa majivu kila Ijumaa kabla ya kwenda msikitini.

Mwaka 1958, mvua za kwanza, Jailos alipiga magoti asubuhi kuinua mashina ya kifuani atoe majani makavu, akasita. Akaurudisha mkono wake. Aliusogeza mkasi kando, akasimama, akaenda kunoa panga ambalo lilikuwa kali tayari. Damari alikuwa ameshakuwa mwali. Kwao baba hamshiki binti aliyefikia umri huo, hamchani nywele, hakai naye karibu; kazi hiyo ni ya mama na shangazi. Jioni alirudi nyumbani na kikapu kitupu.

"Mtoto ameshindaje?" aliuliza Ikupa.

"Amekua, Mama Damari."

"Amekua vipi?"

Jailos alitazama pembeni. Ikupa akaelewa. Alikwenda ndani, akatoa sanduku chini ya kitanda, akalitoa gauni la mwaka ule akalipima kwa macho, akaona kwamba kifua kitambana. Alikaa na gauni lile mapajani mpaka moto ukafifia.

Asubuhi alivuka kilima pamoja na mumewe. Hakuwa amekanyaga njia ile tangu wahame, lakini miguu yake iliijua. Getini Jailos akatangulia kuingia. Ikupa akasimama nje. Alitazama nyasi mahali palipokuwa uwanja wake, akatazama baraza mahali palipokuwa kinu chake, akaliona lile tandiko la zambarau limejikunja kando ya njia ya gari. Alijua kwamba akisema lile neno hatalirudisha tena.

"Hodi," alisema.

Hakuna aliyejibu. Memsahib alikuwa anaandika barua ndani na Bwana Kamba alikuwa kwenye kahawa.

"Hodi jamani."

"Karibu, mama!" ilisikika sauti ya Halfani toka jikoni. Alitoka mbio, anafuta mikono kwenye aproni, akalishika geti lililokuwa wazi nusu akalifungua lote. "Karibu sana, mama yangu. Karibu kwako."

Ikupa alimwitikia kwa kichwa tu. Alikwenda moja kwa moja akapiga magoti kwenye nyasi, akaingiza vidole kwenye nywele za mwanawe. Zilikuwa nzito kweli, mumewe hakumdanganya. Alizifungua, akazigawa, akaondoa makavu, akakuta nyuma ya sikio konokono mdogo akamtupa mbali. Alimwambia Damari maneno ya nyumbani ambayo hakuna aliyeyasikiliza. Bwana Kamba aliporudi alimkuta pale, akauliza huyu ni nani, akaambiwa ni mama wa maua. Akasema hana neno, lakini asikate bila kamba.

Ikupa akawa kibarua wa bustani. Msimu ule Damari alichanua mara mbili, jambo ambalo lile ua halifanyi, na Jailos, akipalilia upande wa mbali kwa heshima, aliwasikia wawili wale wakicheka, mmoja kwa sauti na mwingine kwa majani. Ulikuwa mwaka mzuri. Aliogopa kusema hivyo, lakini ulikuwa mzuri.

Mwaka 1959 Bwana Kamba alikwenda likizo kwao, akarudi na hamu ya kucheza tenisi. Hakuna mchezo wenye mistari mingi kuliko huo. Alipima kila upande, na mahali pekee palipokuwa tambarare palikuwa pale walipokuwa wanaishi watu zamani, penye maua. Alimwita Jailos na Ikupa akazungumza nao kwa upole.

"Maua hii mimi napenda. Hapana taka haribu. Nyinyi chukua, peleka kwenu. Mimi nasaidia na watu ya kubeba."

Ikupa alishika mkono wa mumewe mbele ya Mzungu, jambo ambalo hakuwahi kulifanya hata kanisani.

"Ndaga fijo, bwana," alisema. "Asante sana. Tunachimba leo?"

"Leo. Lakini koleo moja." Bwana Kamba alichukua koleo akaonyesha kwa kidole pale bapa lake linapokutana na mpini. "Chini ya hapa hapana gusa. Kiwanja nashuka, halafu mpira naruka mbaya."

Jailos alimtazama Ikupa. Mzizi wa ua la misheni hauzidi kina cha koleo moja. Mzizi wa Damari ulikuwa chini zaidi, na wote wawili walikuwepo siku ile kaburi lilipochimbwa. Lakini waliogopa kwamba wakikataa kidogo watakosa vyote. Mtu aliyengoja muda mrefu huchukua anachopewa akajiambia kwamba labda kitatosha.

Walichimba taratibu. Bwana Kamba alisimama pembeni na koleo la pili la kulinganishia. Walikata kuzunguka umbo lote, wakapitisha makoleo chini, wakamwinua mzima na udongo wake, akiwa amekunja magoti, wakamlaza kwenye machela ya magunia. Vibarua wanne walibeba. Halfani akavua aproni akafuata nyuma, ingawa chakula cha mchana kilikuwa jikoni, akisema mtoto hapelekwi kwao na watu wachache.

Walivuka kilima. Upande wa Chunya majirani walikuwa wameshapata habari, wakatoka njiani, wanawake wamefunga kaniki kiunoni, wakamlilia Damari kama walivyomlilia mara ya kwanza. Walimlaza mbele ya mlango, kwa ubavu wa kulia, uso ukielekea Rungwe, ambako kutoka pale hakuonekani. Jailos aling'oa vile vijiti vya mwanzi kimoja kimoja, kwa kuwa hapakuwa na kamba tena, na akamnyoosha miguu. Jioni ile Ikupa alitoka nje na kumsalimu mwanawe mlangoni kwake, akarudi ndani, akatoka tena bila sababu ili amsalimu tena.

Masika yalimshika vizuri. Alichanua. Juni upepo ukaanza kutoka kaskazini na vumbi jekundu, na udongo uliokuja naye ukageuka unga. Ikupa alimwagilia asubuhi, akamfunika kwa mablanketi ya nyumbani jioni, wao wakalala bila kitu. Nywele zikaanza kukatika. Kisha mikono. Jailos alichimbua kwa kidole chini ya mbavu, akakuta mizizi yote imekatika kwa mstari ulionyooka, kina cha koleo moja, na chini ya mstari hakuna kitu. Walikuwa wamebeba nywele tu, nyingi kuliko za kikapu. Agosti ilipokwisha pale mbele ya mlango palibaki mashina makavu yenye umbo la msichana aliyenyoosha miguu, halafu upepo ukachukua na umbo.

Walinyoa vichwa kama desturi inavyotaka. Halfani alikuja na mchele kutoka mjini akakaa nao siku nzima.

Walirudi kazini kwa sababu shamba la upande ule halikuwa limetoa kitu. Uwanja wa tenisi ulikuwa umekamilika: changarawe nyekundu iliyoshindiliwa kwa jiwe la kuviringisha, mistari ya chokaa, wavu katikati. Wazungu walikuja Jumapili wakacheza. Novemba mvua za kwanza zikanyesha, na Jumatatu asubuhi Bwana Kamba akatoka na kamba yake.

"Jailos! Njoo. Hii nini?"

Jailos akaja, na Ikupa akaja nyuma yake. Kwenye changarawe, karibu na mwisho wa uwanja, majani madogo ya kijani yalikuwa yametoboa yakatambaa chini. Yalikuwa yamelala kwa ubavu wa kulia. Magoti yalikuwa yamenyooka. Hayakuwa na urefu wa mwali. Yalikuwa na urefu wa mtoto wa miaka sita, na ua moja la zambarau pale penye sikio.

Ikupa aligeuka akaondoka bila kuaga. Alivuka kilima na kurudi, Bwana Kamba akiwa bado anapimapima, akaja na gauni alilolitoa chini kabisa ya sanduku, lile la mwaka wa kwanza, kitambaa chake kimeshafifia mahali pa mkunjo. Alipiga magoti akalitandaza juu ya majani. Mabega yalikaa mahali pa mabega. Pindo lilifika chini kidogo ya magoti, kama alivyokuwa amekusudia. Lilimtosha.

"Hapana funika," alisema Bwana Kamba. "Maua nataka jua."

Katika hilo hakukosea. Ikupa akaliondoa gauni, akalikunja, akaliweka begani.

Bwana Kamba alifunga kamba yake kwenye vigingi akaivuta. Chokaa ya mstari wa nyuma ilipita juu ya mkono wa kushoto, chini ya kiwiko. Aliangalia mtoto, akaangalia mstari, akasema hana haja ya kung'oa chote, kwa kuwa maua hayo anayapenda.

"Kata ile napita tu," alisema, akaenda zake kunywa chai.

Jailos aliufuta mkasi kwa kitambaa. Alipiga magoti akatafuta kifundo, akakipata, akakaa hivyo hivyo na mkasi wazi mkononi.

"Ngoja, Baba Damari," alisema Ikupa.

Alizunguka upande wa pili, akakaa chini kwenye changarawe, akaushika mkono wa mtoto, kama alivyoushika siku za surua.

"Haya," alisema. "Nimemshika."

Jailos akakata juu ya kifundo, kwa mshazari, ili maji yasituame.